Neno la Papa na Vitenge Viwili

Kitenge kipya kina harufu yake. Ni harufu kali ya wanga na ya duka lililofungwa siku nyingi, na hutoka pale tu muuzaji anapokikunjua mbele yako na kukipiga kofi ili uone kwamba ni kizito. Wanawake wenzangu wanaipenda. Mimi ikinipata, miguu inaanza kuwasha. Juzi nilikuwa sokoni Birere na binti yangu, tukitafuta nguo ya arusi ya rafiki yake. Muuzaji akakunjua kimoja cha bluu, akakunjua na kimoja cha manjano, akaniuliza ninachukua kipi. Nikatoka dukani bila hata kuaga. Binti yangu alinikuta barabarani nikizungukazunguka kama kuku anayetafuta pa kutagia, akauliza ni nini tena. Nikamwambia ni mambo ya zamani. Yeye alikuwa na haraka zake. Ninyi kaeni, niwaambie.

Nilipokuwa mtoto tulikaa mtaa wa Mapendo, katika nyumba ya mbao iliyowekwa juu ya mawe ya volkano. Mtu akitembea ndani, mbao zote zilijua. Papa alikuwa mwalimu wa Kingereza katika shule ya sekondari, Munande wa kutoka Butembo, na alipenda maneno ambayo hakuna mtu mwingine aliyeyahitaji. Alikuwa na kamusi kubwa iliyopoteza jalada, na kila jioni tulipewa neno pamoja na bugali. Mama alitoka Kalengera, kwenye barabara ya Rutshuru, kwa watu wanaosema Kinyarwanda. Kwa hiyo mimi, Kahindo, nilikuwa na bibi wawili. Mama wa Papa nilimwita Mukaka, na mama wa Mama nilimwita Nyogokuru. Mukaka alinifungia karanga kwenye kona ya kitambaa chake kila alipokuja. Nyogokuru alinilaza upande wa ukuta wakati wa likizo ili nisianguke, na kuninong'oneza habari za watu waliokufa. Nilipendwa kwenye ncha zote mbili za barabara, na nilidhani watoto wote wako hivyo.

Kisha mdogo wake Papa akampenda mdogo wake Mama. Walijuana hapo hapo kwetu, wakigombania maganda ya bugali yaliyobaki kwenye sufuria. Watu walisema ni baraka, kamba iliyofungwa mara mbili haikatiki. Mambo yakaenda vizuri mpaka siku familia zilipokutana kutambulishana. Msemaji wa upande wa Butembo alikuwa mtu wa kuchekesha, na makofi yakampanda kichwani. Akatupa mzaha kuhusu watu wa Kalengera. Sitaurudia hapa, maana katika mji wetu watu wamepigana kwa maneno madogo kuliko hayo. Mjomba mkubwa wa Mama akasimama, akachukua kofia yake, akatoka, na watu wake wote wakamfuata. Vinywaji vilibaki mezani bila kufunguliwa.

Ndoa haikufa, kwa sababu wale vijana walikuwa vichwa vigumu na padri alikuwa ameshatangaza majina yao kanisani. Lakini familia ziliacha kusemezana. Kwetu, mnajua, kila upande wa arusi huchagua kitenge chake, na ukiingia ukumbini mtu anakusoma nguo kabla ya kukusoma uso. Butembo wakachagua bluu yenye ndege. Kalengera wakachagua manjano yenye majani. Kila upande ukatuletea kipande cha Mama na kipande changu, na vyote vikawekwa juu ya meza, vikinuka, fundi wa kushona akiwa anangoja.

Shangazi Katungu, dada yake Papa, alikuja wa kwanza. Alisema mtoto ni wa baba, jambo hilo halina mjadala, na Jumamosi, siku ya arusi, anataka kuniona ndani ya bluu. Kesho yake Nyogokuru akaja kutoka Kalengera. Yeye hakudai kitu. Alikaa, akashika mkono wangu, akasema ataangalia tu mtoto atavaa nini. Hayo yalinitisha kuliko ya shangazi. Nilianza kutolala vizuri. Darasani nilikalia kiti upande mmoja tu, tayari kusimama, na mwalimu akaniuliza kama nina minyoo. Nilikuwa na hesabu moja tu kichwani: nikivaa bluu nitampoteza Nyogokuru, nikivaa manjano nitampoteza Mukaka.

Jioni moja Papa alikunja mikono ya shati, akatangaza kwamba amepata jibu. Sisi tutakuwa mugwump.

Alitueleza kwa furaha, kijiko hewani. Zamani huko Amerika, wakati wa uchaguzi, watu fulani walimkataa mgombea wa chama chao wenyewe. Hawakutaka kuburuzwa. Wenzao walikasirika, wakawapachika jina hilo kwa dharau, na tangu hapo likawa neno la mtu asiyejifunga na upande wowote, anayesimama peke yake na akili yake. Na kabla ya hapo, Papa alisema, lilikuwa neno la wenyeji wa kwanza wa nchi ile, na kwao maana yake ilikuwa mkubwa, kiongozi wa vita. Mama aliuliza kama hao wakubwa wa vita walikuwa na shemeji.

Mimi nililipenda. Kinywani mwetu likawa mugwampi, na lilikaa vizuri kama neno la nyumbani. Siku iliyofuata, wakati wa mapumziko, wakubwa wawili wa mpira waligombana nani anichukue, maana nilikuwa na mbio. Nikawaambia mimi ni mugwampi, sina upande, na maana yake ni kiongozi wa vita. Mmoja akafikiri, akaniambia basi kaa pale juu ya jiwe. Nilikaa. Jiwe lilikuwa katikati kabisa ya uwanja. Mpira ukanipiga sikioni, kila upande ukasema ni kosa la wengine, na hakuna aliyekuja kuuliza kama naumia. Niliporudi nyumbani sikumwambia Papa.

Naye hakuwa na hali nzuri. Alikuwa ametangaza kwamba atavaa suti yake ya kijivu na karavati shingoni, na kwamba Mama na mimi tutavaa nguo za kawaida. Shangazi Katungu alirudi mbio.

“Kaka, ile Kingereza yako haivaliwe,” alisema akiwa bado mlangoni. “Vita ya panzi ni furaha ya kunguru. Ni weye kunguru?”

Papa alimjibu kwa maneno marefu. Shangazi alipoondoka, Papa alianza kutembea, kutoka dirishani mpaka mlangoni, mlangoni mpaka dirishani, na mbao zikalia mpaka majirani wakagonga ukuta. Nami nikatembea nyuma yake. Mama alitutazama sote wawili akiendelea kuchagua maharage.

Wiki hiyo ndipo neno baya zaidi lilipozaliwa. Sijui alilisema nani wa kwanza. Watu walianza kunong'ona kwamba upande mmoja hautakula chakula cha upande mwingine, kwa sababu huwezi kujua. Hawakusema sumu. Walisema tu huwezi kujua. Wakapanga majiko mawili nyuma ya ukumbi wa parokia, kila watu na moto wao. Hata mtoto wa umri wangu alielewa kwamba watu wakioana halafu kila mmoja akala kivyake, hapo hakuna arusi.

Ijumaa Papa alikaa kitini, akasema kwa sauti ndogo kwamba labda sisi watatu tungekuwa na malaria kesho. Tulale tu. Hiyo nayo ni njia ya kutokuwa na upande.

Mama aliweka chini ungo wa maharage.

“Mutu asiye na upande, akuwe na kazi,” alisema. “Kama hapana, huyo ni muvivu tu.”

Akakunja vitenge vyote, vya bluu na vya manjano, akaviweka juu ya kabati. Akanishika mkono tukaenda parokiani. Wanawake wa pande zote mbili walikuwa wameshaanza kupanga mafiga yao, migongo ikitazamana. Mama alisimama katikati akawaambia kwamba moto utakuwa mmoja, na mpishi atakuwa yeye. Nyama ya Butembo itaingia, maharage na maziwa ya Kalengera yataingia, na atakayetaka kusaidia aje asaidie. Mtu mmoja akacheka, akauliza nani atakula. Mama akasema mnajua desturi, mwenye kukaribisha huonja kwanza mbele ya wageni. Kesho mbele ya kila meza atakayeonja ni Kahindo.

Mukaka alikuwa pale, amefika siku ile kutoka Butembo, na Nyogokuru alikuwa pale. Kila mmoja alinitazama. Hakuna hata mmoja wao ambaye angeweza kufungua mdomo aseme kwamba chakula kile hakifai kuliwa na mjukuu wake, maana angekuwa anajitukana mwenyewe. Nyogokuru ndiye aliyeinama kwanza, akaanza kumenya ndizi. Mukaka akachukua kisu, akakaa mbali naye kidogo, akamenya za kwake.

Jumamosi tulienda kabla jua halijatoka. Mama alivaa kitenge cha zamani kilichochujuka mpaka hakuna aliyeweza kusema kilikuwa rangi gani. Mimi nilivaa gauni langu jeupe la komunyo, ambalo lilikuwa limeshanifupia. Papa alikuja na suti yake ya kijivu, na kwa mshangao wa kila mtu alikaa jikoni badala ya kwenda kanisani mapema na wanaume. Alichochea makaa. Alikaa karibu na masufuria kama askari, na mtu akisogea, alimsalimia kwa jina na kumuuliza habari za nyumbani mpaka aondoke. Mikono ilikuwa mingi mle, ya bluu na ya manjano, na hakuna ambaye angeweza kuifuata yote.

Saa ya kula ilipofika, Mama alinipa kijiko. Ukumbi ulikuwa bluu upande huu, manjano upande ule, na katikati njia tupu ambayo hakuna aliyeikalia. Nilitembea katika njia hiyo. Mbele ya kila meza nilichukua nyama kidogo, sombe ya majani ya muhogo kidogo, maharage kidogo, nikatafuna, nikameza, na watu wakatazama koo langu. Nilifurahi, nawaambia ukweli. Sikuwa nimewahi kula kabla ya watu wakubwa, tena nyama, tena hadharani. Nilionja kwa bidii. Kufika meza za mwisho tumbo lilikuwa gumu na nilikuwa natembea kwa hatua fupi, na mzee mmoja wa Kalengera alicheka, kisha mmoja wa Butembo akacheka, na mikono ikaingia sahanini.

Hawakukumbatiana. Walikula tu. Mjomba mkubwa hakumsalimia msemaji siku ile, wala siku nyingi baada yake. Lakini watu walikula kutoka sufuria moja, na papa mdogo na mama mdogo wakawa mume na mke, na mimi nikabaki na bibi zangu wawili. Kitu kimoja tu kiliniaibisha. Papa aliingia ukumbini na doa kubwa la mafuta ya mawese katikati ya karavati yake. Shangazi Katungu alilionyesha kwa kidole, akasema ndiyo maana kaka alikaa jikoni, alikuwa anadokoa. Nilicheka pamoja nao. Doa lile lilikuwa kichekesho cha familia miaka yote niliyokua, na Papa hakuwahi kujitetea.

Miaka ikapita, na swali lile la uwanja wa mpira nilikutana nalo tena mjini likiulizwa na watu wasiocheka. Uko upande gani? Nimelisikia kwa majirani, kazini, hata msibani. Siku za namna hiyo Mama huinjika sufuria kubwa uani, na watoto wa kila nyumba ya Mapendo huja kula. Hapo kwetu bado wanatuita bamugwampi, na siku hizi wanalisema kwa heshima kidogo.

Juzi, baada ya kukimbia lile duka la Birere, nilienda moja kwa moja kwa Mama na Papa. Mama alikuwa uani, mzee sasa, anachambua sombe. Nami nina binti. Na ghafla, nikiwa nimesimama pale na harufu ya wanga bado puani, nilikiona akilini kile kijiko mkononi mwa mtoto wangu, na watu wakitazama koo lake. Nikamuuliza Mama aliwezaje. Hakuogopa?

Hakuinua macho.

“Niliogopa sana,” alisema. “Unawaza nilikupa tu vile? Nilikula mi mwenyewe asubuhi, kila sufuria. Na mbele yangu alikula Papa yako. Alinikataza kuanza. Alisema kama kuko kitu, mutoto abaki na mama yake.”

Nikakaa chini. Mama akaendelea na majani yake. Alisema Papa alikula haraka haraka, akajimwagia mawese kifuani. Kisha wakangoja pamoja kando ya moto, yeye akihesabu pumzi za mumewe na kujifanya anakoroga.

Papa alikuwa barazani na kamusi yake isiyo na jalada, miwani puani. Nilimpakulia bugali na sombe nikampelekea. Lakini kabla ya kumpa sahani nilisimama mbele yake, nikachukua tonge, nikachovya, nikatafuna, nikameza, kisha nikamkabidhi kwa mikono miwili. Alinitazama. Akavua miwani, akaifunga kamusi. Kisha akaweka sahani katikati yetu, tukala pamoja.