Nilimshuku Hakimu kwa Sababu ya Marahaba

Mimi nikianza kumshuku mtu, hata kikohozi chake nakitafutia maana.

Shule binafsi ninayofundisha hapa Mikumi ilikuwa na wakuu wawili, kila mmoja na kufuli lake kwenye mlango wa ofisi. Upande wetu tukakimbilia mahakamani Kilosa. Wenzetu, wakiongozwa na Mwalimu Sefu, wakaweka pingamizi kwamba mahakama haina mamlaka, ugomvi wa uongozi wa shule uanzie kwenye bodi.

Siku ya uamuzi niliwahi kufika ili niwachunge. Nikamkuta Sefu koridoni, kainama mbele ya hakimu.

"Shikamoo, mheshimiwa."

"Marahaba, mwanangu. Mikumi hamjambo?"

Mwanangu? Kumbe ndiyo maana Sefu analala usingizi!

Ndani, hakimu akasoma uamuzi: hana mamlaka, turudi kwenye bodi. Nikasimama kabla wakili wetu hajanivuta shati.

"Mheshimiwa, hapa kuna undugu! Sefu umemwita mwanangu, nimesikia kwa masikio yangu!"

Hakimu akavua miwani, akanitazama kwa upole, na upole ule ndio ulionitisha.

"Na wewe, mwalimu, uliponiamkia baada yake, nilikuitikiaje?"

Salamu yenyewe nilikuwa nimeshaisahau. Shikamoo kwetu hutoka mdomoni bila kuuliza kichwa.

"Ulisema marahaba," nikajibu.

"Marahaba, nani?"

Nikaketi taratibu.

"Mwanangu."

Wa kwanza kuangua kicheko alikuwa wakili wetu.