Mlango wa Sur Usiopigwa Hodi

Siku yangu ya kwanza kazini nilivaa viatu vya kisigino. Nilidhani kuongoza wageni ni kazi ya kusimama na kutabasamu, na kwa kutabasamu sikuwa na upungufu. Tulipotoka ofisini Ruwi, Mkuu wa Waongozaji aliniangalia miguu, akatangulia njia. Tulipofika Mutrah na kuanza kupanda vichochoro vya nyuma ya soko, nikawa natembea kama kuku aliyefungwa kamba. Ndipo aliposema, "Bi Thuwaiba, kesho vaa viatu. Leo umevaa mapambo."

Mkuu alikuwa mtu wa Unguja kama sisi, ila yeye alitangulia kuja Muscat akiwa kijana, na mimi nililetwa na wazee wangu bado nikisuka nywele mikia miwili. Alikuwa mpole wa maneno na mkali wa kazi. Nyinyi mnaoanza sasa mna vipaza sauti vya kufunga kiunoni na ramani ndani ya simu. Sisi tulikuwa na mwavuli wa rangi kali, tuuinue juu wageni wasipotee, na koo letu wenyewe.

Alinifundisha kwamba safari ya miguu hupangwa kwa vivuli. Pale unaposimama kusimulia tunapaita kituo, na kituo cha asubuhi hakiwezi kuwa cha alasiri, maana kivuli kimeshahama. Alinifundisha kulielekea jua mimi, ili machoni liniumize mimi na si mgeni. Alinifundisha kuusemea ukuta badala ya kupiga kelele, kwa kuwa ukuta wa zamani hukurudishia sauti yako ikiwa imetulia. Na alinifundisha habari ya mkia. Mkia ni mgeni wa mwisho katika kundi, kila kundi linaye, mara nyingi ni yule anayepiga picha paka. Mwongozaji hutembea mwendo wa mkia. Akitembea mwendo wake mwenyewe, huyo amekwenda matembezi peke yake.

Njia yangu ilikuwa moja kwa miaka mingi. Ilianzia bandarini, ikapita sokoni kwenye ubani na vitambaa, ikaishia kwenye lango la Sur. Sur maana yake ni ukuta, nasi tuliuita hivyo mtaa wa zamani uliomo ndani ya ukuta huo, wa jamii moja ya wafanyabiashara wa kale. Wana msikiti wao, wana lugha yao ya nyumbani, na nyumba zao za ghorofa zimebanana zikiinamiana juu ya vichochoro. Mgeni haingii. Si kwa ubaya. Ni majumbani mwa watu, na watu wenyewe hawakujijenga ili watazamwe. Kwa hiyo kituo cha mwisho, ambacho wageni walikuja khasa kwa ajili yake, kilikuwa mlango tu.

Mkuu alinisimamisha pale siku ile ya kwanza, miguu ikiniwaka moto, akaniambia jambo ambalo sikulisoma katika kitabu chochote cha kazi.

"Hapa usipige hodi. Hata siku moja."

"Hata kama namjua mtu humo ndani?"

"Khasa ukimjua. Hawa waungwana. Muungwana akipigiwa hodi hawezi kusema sikutaki, atasema karibu. Kisha utamwingizia watu arubaini wenye kamera sebuleni kwake, na yeye anakuchekea huku roho inamuuma. Wewe simama mlangoni kama pazia. Pazia halina haja ya kuingia."

Basi nikawa pazia. Niliwasimulia wageni yaliyomo ndani bila ya kupata kuyaona. Niliyasikia kwa wazee, nikayauliza kwa adabu, nikayapanga. Habari za misafara ya biashara, za mabaraza, za milango iliyochongwa, za mabinti walioolewa kutoka nyumba ya huku kwenda ya kule bila kukanyaga soko. Wageni walichungulia juu ya bega langu, na walichokiona ni kipande cha kichochoro, kamba ya kuanikia nguo, na mwangaza unaoteremka kutoka mahali fulani juu.

Na mimi je? Ngoja niseme kweli, nilitamani. Harufu iliyokuwa ikitoka pale asubuhi, ya mchuzi unaoungwa na udi uliokwishazimika, ilikuwa harufu ya mtaa wetu wa Malindi kule Unguja, ya nyumba tuliyoiacha na funguo zake. Nikilala mchana, naota nimepita lango, nakata kushoto, nakuta ngazi ya bibi yangu, na bibi yuko juu ananiuliza nimekawia wapi. Kila mara naamka kabla sijajibu. Nafikiri njia ile niliipenda kwa sababu ya ndoto ile. Kila asubuhi meli ya watalii ilipotia nanga nilikuwa nakwenda kusimama karibu na kitu changu ambacho si changu.

Juu ya lango, upande wa kulia, palikuwa na dirisha lenye vibao vya mbao. Siku moja nikiusubiri mkia, nilinung'unika peke yangu kwa Kiswahili, "Jua la leo lina kisirani hili."

Dirisha likanijibu, "Na kesho litazidi, mwanangu."

Nikaruka. Alikuwa mama mtu mzima, kwa sauti yake. Baadaye nikajua kwamba aliwahi kukaa Unguja na mumewe aliyekuwa na duka huko. Uso wake sikuuona kamwe. Tangu hapo kila siku ya meli humwamkia, "Shikamoo, mama," naye huitikia, "Marahaba. Leo umetuletea wekundu," ikiwa wageni wamebabuka na jua. Nami nacheka, wageni wananitazama kama nimepagawa.

Mkuu alipostaafu akaja meneja mpya, tukimwita Mudiri. Alikuwa kijana wa familia iliyotoka Tabora, amekulia Qurum kwenye majumba ya bustani, msomi, mchangamfu, na gari lake halikosi kumeremeta. Sikumchukia. Alikuwa na haraka tu, na haraka yake alitaka iwe yetu sote.

"Bi Thuwaiba, wateja wanalalamika," aliniambia siku moja. "Kampuni nyingine pia zinaonyesha mlango. Sisi tuonyeshe ndani. Hata nyumba moja."

"Hawaingizi wageni, Mudiri."

"Kwani wewe si unasalimiana na yule mama? Piga hodi tu. Hawa watu wana adabu sana, hawawezi kukataa."

"Najua hawawezi. Ndo maana sipigi."

Akacheka, halafu akaacha kucheka. "Msimu huu wa meli ukiisha hatujaingia, njia ya Mutrah nampa mwingine. Khalas, nimesema."

Nilirudi kwangu Darsait nikakaa na chai mpaka ikapoa. Mnaelewa ugumu wake? Alichoniamrisha ndicho nilichokuwa nakiota. Neno moja tu, hodi, neno ambalo kila mtoto wa kwetu analijua, na ningeingia. Ningekata kushoto. Na nisingepoteza njia yangu.

Siku iliyokata shauri ilikuwa ya meli, na Mudiri alikuja mwenyewe na simu yake tayari kupiga picha. Katika kundi palikuwa na bibi mmoja mwenye kofia ya jua na fimbo, amekuja na meli kutoka Kanada. Ndiye aliyekuwa mkia. Nilipomaliza kusimulia langoni, wengine wakichungulia, yeye akanisogelea, akasema polepole kwa Kiswahili kilichokaa muda mrefu bila ya kutumika:

"Mwanangu, umesimulia vizuri. Mimi nimezaliwa humo."

Nikamuuliza, "Mbona hukusema tangu bandarini, bibi?"

"Ningesemaje, na nna kibao cha meli shingoni? Tulihamia Unguja mie mdogo, kisha Kanada. Walionijua wamekwisha. Nilitaka kuuona mlango tu, basi." Akaushika ukuta kwa kiganja. "Lakini sasa mlango umenizidi nguvu."

Nikamtazama yeye, nikamtazama Mudiri. Nilijua kabisa kwamba nikifungua mdomo mlango hautafunguka kwa mtu mmoja tu. Nikinyamaza, mtoto wa nyumba atarudi melini bila ya kuingia kwao. Nikainua uso dirishani, na kwa mara ya kwanza maishani mwangu nikasema pale, "Hodi, mama. Hodi hii si yangu. Nawaletea mtoto wenu. Amezaliwa humu, amerudi."

Dirisha likauliza, "Mtoto wa nani?"

Bibi akavua kofia, akataja jina la baba yake na la babu yake. Tukasikia kandambili zinateremka ngazi haraka kuliko inavyofaa kwa mtu wa umri ule, na sauti ikitangulia, "Karibuni! Karibuni nyote, karibuni ndani!"

Mudiri akaniwahi sikioni. "Umesikia? Wametukaribisha wote. Yallah, waingize."

"Wametukaribisha kwa sababu ni waungwana," nikamwambia. "Karibu ya kwanza haichukuliwi, Mudiri. Mama yako hakukufundisha?"

"Basi ingia wewe, upige picha mbili tatu."

Mkono wenye hina ulitokeza kwenye kona ya kichochoro, ukamshika bibi mkono. Mikono miwili ya kikongwe, imeshikana, ikapotea ndani. Mimi nikageuka nikasimama katikati ya lango, nikafungua mwavuli, nikaanza upya kuwasimulia wageni habari ya milango iliyochongwa, ambayo walikuwa wameshaisikia. Nyuma yangu nilisikia vilio vya wanawake, vile vya furaha, na harufu ya udi mpya unaowashwa. Sikugeuka. Sijapata kufanya kazi ngumu kuliko ile.

Bibi alitoka macho mekundu, akinukia udi. Njia nzima ya kurudi bandarini alinishika mkono, na alisema jambo moja tu: "Jiko wamelihamisha."

Mudiri hakunigombeza. Msimu ulipokwisha alinihamishia Qurum, kwenye meza ya maelezo katika hoteli. Ni kazi ya heshima, yenye kiyoyozi. Kule watu wanakwenda kila mahali kwa gari, na kazi yangu ilikuwa kutia alama kwenye ramani na kuwaonyesha kwa kidole. Viatu vya kisigino ningeweza kuvaa nikitaka. Mchana, pasipo mgeni, nilijikuta midomo inatembea yenyewe: bandarini, sokoni, ubani, ukuta. Niliumia, sisemi sikuumia. Nilistaafu nikiwa palepale mezani.

Mwaka uliofuata jirani yangu hapa Darsait akanambia kwamba yule mama wa dirishani kafariki. Nikavaa buibui nikenda kutoa mkono wa tanzia. Langoni nikasimama, dirisha limefungwa, nikapiga hodi, hii ikiwa yangu. Akatoka binti wa makamo akanichukua mkono.

Nyinyi vijana hupenda kuniuliza ndani kukoje. Mtaniwia radhi. Nilipita nimeinamisha macho kama inavyompasa mtu aliyekuja msibani, na hata kile nilichokiona ni cha wenyewe.

Wanawake walikuwa wamekaa chini wakisoma Qur'ani. Nilipotoa pole, yule binti akanitazama sana, akauliza kwa Kiarabu, "Sauti hii. Wewe si ndiye uliyekuwa ukisimama pale chini?"

Nikasema ndiye.

"Mama siku za meli alikuwa akivuta kiti mpaka dirishani, hataki tuzungumze mpaka umalize. Tukimwambia, mama, Kingereza hujui, unasikiliza nini? Alikuwa akitujibu, nasikiliza anavyoshusha sauti anapofika kwetu."

Nikalia pale mbele ya watu, na waliokaa karibu nami wakanipisha nafasi, wakanipa juzuu, wakidhani namlilia mama yao. Nilikuwa namlilia kweli, na uso wake sijapata kuuona.