Mpolandi Aliyeanguka Mara Mbili

Nilimjua kwanza kama mtu wa maikrofoni. Watu wa filamu walikuwa wamekodi kiwanda cha zamani mtaa wa Jeppestown, fundi wao wa nguo akaugua, na mwanamke aliyesimamia mavazi akanifuata mtaani kwangu, Doornfontein, kwenye chumba changu cha cherehani. Siku ya kwanza nilimwona Mpolandi huyo, mzee wa miaka sitini hivi, mwembamba, ameinua mti mrefu wenye maikrofoni juu ya vichwa vya waigizaji, mikono haitetemeki. Kesho yake nilimkuta anawapaka watu majeraha ya bandia. Siku ya tatu alikuwa anaendesha lori la taa.

"Mzee, kazi yako hasa ni ipi?" nilimwuliza kwa Kiingereza, ambacho sote wawili tulikizungumza kwa kuchechemea.

"Ile ambayo leo haina mtu," akajibu.

Alhamisi niliambiwa nishone makoti mawili ya kijivu yanayofanana, moja likiwa pana zaidi mgongoni. Nikadhani la pili ni la akiba. Hakuna aliyenieleza.

Ijumaa mchana nilikuwa napiga pasi uani. Nikasikia kioo kinavunjika, nikainua macho. Mtu aliyevaa koti nililolishona alikuwa anatoka dirishani, ghorofa ya pili, kinyumenyume, mikono wazi. Mimi niliondoka Bujumbura nikiwa nimeshaona mtu anasukumwa kutoka juu, na hilo sitalisimulia hapa. Nilijua tu kwamba nimeiacha pasi na ninakimbia, namwita Mungu wangu kwa Kirundi, "Mana yanje! Mana yanje!" mpaka nikaingia katikati ya kamera zao.

Alikuwa amelala juu ya godoro kubwa la hewa. Akafumbua macho. Alikuwa ni yeye, mtu wa maikrofoni, ndani ya lile koti pana, ameanguka badala ya mwigizaji.

Mwongozaji wa filamu alinifokea. Mpolandi akainuka, akawatazama wote. "Hakuna aliyemwambia huyu mama?" Akanijia, akachezesha vidole mbele ya uso wangu. "Dada, tazama. Niko hai."

Akaniketisha juu ya kreti, akanisimulia mambo yake, nadhani ili nipumue. Kwao alianza kama seremala wa jukwaa la maigizo, akaingia sarakasi, sarakasi ikafungwa, akahamia filamu. Ameigiza askari, padri, mlevi, na maiti wasio na idadi. "Nimekufa mara nyingi," alisema, "na kila nilipokufa, mchana nilikula chakula changu."

Kwa kuwa nilikuwa nimeharibu picha, walirudia. Safari hii nilisimama kando ya kamera, kiganja mdomoni. Kioo kikavunjika. Akaanguka. Mwongozaji akasema imetoka vizuri, watu wakapiga makofi, naye akabaki amelala kama maiti anavyotakiwa kulala.

Lakini mimi nilikuwa nalitazama koti. Mshono wa bega niliuweka kwa mkono wangu, naujua mahali pake. Sasa ulikuwa umesogea kuelekea kifuani, na mkono wa koti umejisokota. Kitambaa kizito kama kile hakijisokoti hivyo, labda kiwe kimeufuata mkono ulio ndani.

"Bega! Bega lake!"

Yule msimamizi wa mavazi akanivuta. "Eish, sisi," akasema, kwao dada huitwa hivyo, "tena? Anaigiza!"

Nikamponyoka. Uso wa mzee ulikuwa umelowa jasho, midomo myeupe kabisa. "Kata," alininong'oneza. Nilitoa mkasi mfukoni nikalikata koti nililolishona siku nzima, kutoka kola hadi kiwiko. Makofi yalikuwa bado hayajaisha.

Bega lilikuwa limeteguka na mfupa wa mtulinga umevunjika. Nilikaa naye kwenye benchi la hospitali tukisubiri daktari.

"Ni kosa langu," nikamwambia. "Nisingepiga kelele, usingeanguka tena."

"Hapana, dada. Mara ya kwanza nilifumba macho mapema mno, bado niko hewani. Wangerudia tu."

Nilishusha pumzi. Kisha simu yake ikalia. Aliongea Kipolandi, sauti changamfu, akacheka, akauliza kitu, akacheka tena. Ungedhani yuko sokoni ananunua matunda. Alipokata simu, alikunja uso, akalishika bega.

"Binti yangu," alisema.

"Umemwambia nini?"

"Kwamba leo kutwa nilikaa kwenye kivuli, nikishona vifungo."

Nilimtazama mtu huyu. Mara ile ya kwanza, je, alifumba macho mapema kweli? Au nami nilikuwa nimeigiziwa? Sikuthubutu kuuliza, na daktari akaja.

Alirudi kazini Jumatano, mkono umefungwa kifuani, akapewa kazi ya kuwaita waigizaji kwa zamu. Filamu ilipokwisha alipanda ndege kwenda kwao. Mimi nilirudi kwenye cherehani yangu, na kwa wiki kadhaa kila nilipotia mkono ndani ya koti la mteja kuligeuza, nilisita kwanza, nikapapasa begani.