Ruhusa ya Bwana kwa Hukumu ya Kitwe

Wakati kampuni ya shaba pale Panda, hapa Likasi, iliacha kutulipa, bibi yangu, mke wangu wa ndoa, njo alitulisha. Nilikula bukari yake, ugali wa mahindi, nikiwa nimenuna. Alivuka mpaka Kasumbalesa, akaenda Kitwe kule Zambia, akarudi na sabuni na chumvi, na kila akirudi ilikuwa habari za mwanaume mmoja tu: mushirika wake, mfanyabiashara wa kule mwenye depo ya kuweka mali hapa kwetu, mtaa wa Kikula. Anavaa hivi, anacheka vile. Mamawe! Wivu uliniwasha kama pilipili.

Kisha wakagombana. Walikuwa wamenunua pamoja mashini ya kusaga mahindi. Yule bwana akaifungia ndani ya depo yake, akasema ni yake peke yake. Mkataba wao ulisema wakikosana wataamuliwa na wafanyabiashara watatu, kule kule Kitwe. Bibi yangu akaenda, akajitetea, akashinda. Unadhani nilifurahi? Niliwaonea wivu hata wale wazee watatu, maana wao walimusikiliza mchana mzima, na mimi nyumbani aliniambia maneno mawili tu, akalala.

Lakini hukumu ya Zambia ikifika Likasi ni karatasi tu, mpaka tribinali yetu, mahakama ya hapa, iitambue; basi bibi yangu akaipeleka pale. Juji hasikilizi kesi upya. Anatazama kama hukumu ile haipingani na sheria za nchi yetu, Zaire. Na sheria yetu ya wakati ule ilisema mwanamke mwenye bwana hawezi kushitaki bila ruhusa ya bwana yake. Bibi yangu hakuniomba ruhusa. Mama wa soko anayelisha nyumba, nani atawaza kumuomba bwana asiye na mshahara?

Mushirika aliiwaza ruhusa ile. Akanialika bia.

"Kaka, bibi yako anakuzarau," akaniambia. "Kesho mbele ya juji sema tu hukumupa ruhusa, mambo itaisha."

Bia niliinywa. Na maneno yake yaliniingia, kwa sababu yalikuwa yangu tangu zamani.

Kesho yake, avoka wa mushirika, wakili wake, akasimama mbele ya juji. "Huyu mama hakukuwa na ruhusa. Bwana yake iko hapa, mumuulize."

"Papa," juji akaniuliza, "ulimupa ruhusa ao hukumupa?"

Haki ya Mungu, "hapana" ilikuwa tayari kwenye ulimi. Bibi yangu alitazama chini. Bila mashini ile, angeendelea kubeba mizigo mpakani mpaka mgongo uvunjike. Mara nikamuona yule mushirika anamutazama toka kichwa mpaka miguu, anatabasamu, kama tayari amenunua nyumba yangu kwa chupa moja.

"Nilimupa!" nikapaza sauti. "Na leo namupa tena! Na weye mushirika, angalia pembeni!"

Watu wakacheka. Juji akanigombeza, kisha akatia sahihi: hukumu itekelezwe. Wiki ile ile watu wa tribinali wakafungua depo, tukapakia mashini kwenye mkokoteni.

Tulisukuma pamoja kuelekea nyumbani. Nilingoja asante mpaka nikachoka.

"Bila miye, ungeipata?" nikamuuliza.

Hakusimama. "Kule Kitwe," akasema, "hakuna mwenye aliniuliza bwana yangu ni nani. Waliniuliza tu mashini ni ya nani."