Kizimba cha Mbuya

Nilitoka Kigoma nimekaa juu ya magunia ya dagaa, nikabadilisha lori Kahama, nikaugua homa Bukoba, na nilipovuka Mutukula nilinuka samaki kiasi kwamba askari wa mpakani alinipungia mkono nipite bila kunisogelea. Kampala nilipata kazi ya getini, Mbuya, kwa afande mstaafu aliyenipenda kwa sababu moja: alitaka mtu wa kusema naye Kiswahili, na wanawe walikuwa wanakikimbia.

Mwezi huo aliletewa mtoto wa mbwa wa kizungu, wa aina kubwa, miguu minene kama mihogo. Fundi wa vyuma kutoka Katwe alipokuja kupima kizimba, nikasema, "Afande, mama yake tumemwona, ana kimo cha ndama. Tupime mama. Kwa sasa tuweke ubao katikati, tuusogeze anavyokua."

"Wewe Mtanzania, mbwa ni bibi harusi? Atengenezewe chumba?" Akamgeukia fundi. "Pima hii unaona. Kuruta tuliweka kwa handaki ndogo, akatoka simba. Nafasi ikiwa mingi, mbwa nalala tu."

"Na mlango, ssebo?" fundi akauliza kwa adabu ya Kiganda.

"Mlango mkubwa ya nini? Anaenda harusi gani?"

Fundi akacheka, akachomelea. Amri ilikuwa mbwa asitoke wala asiguswe hadi akomae, asije akazoea watu. Nilimsukumia posho, ugali wa huko, na mifupa chini ya nondo, na sakafu nikaiosha kwa kumwaga maji kutoka nje.

Akakua. Kwanza masikio yaligusa paa, kisha shingo ikainama. Akiniona na sufuria alijaribu kusimama, mgongo ukagonga vyuma, akakaa tena. Manyoya ya mgongoni yakaisha. Ule ua bado nautamani, na ziwa likimeta upande wa Port Bell, na chapati za mama wa kona. Ila kila ukinijia, kizimba kimo katikati. Nilipomwambia afande miguu inapinda, alikigonga kwa fimbo, mbwa akanguruma, naye akaondoka ameridhika. "Unasikia? Hasira inaiva."

Siku aliyowaalika wenzake wa zamani waje kumwona, mlango ulifunguka lakini mbwa hakupita. Kichwa kilitoka, mabega yakakwama. Fundi akaitwa akate nondo. Cheche zikamwangukia mbwa asiye na pa kukwepea. Alipotoka hakumrukia mtu. Alitembea uani ameinamisha kichwa, tumbo karibu na ardhi, kana kwamba paa bado liko juu yake, miguu ya mbele imeachana. Kisha akageuka, akarudi ndani.

"Afande, hii umefuga kobe," mgeni mmoja akasema. Wakacheka hadi chupa zikatikisika mezani.

Afande hakucheka. Aliita daktari wa mifugo aje na sindano kabla jua halijazama. Mimi nilishika kile kichwa. Kilikuwa kizito, na mkia ulipigapiga sakafu hadi mwisho, kwa kuwa hakuwahi kushikwa na mtu.

Asubuhi nilimkuta fundi anaziunga nondo alizozikata. Kando yake, ndani ya boksi la sabuni, alilala mtoto mwingine wa mbwa, miguu minene.

"Kipimo gani safari hii?" nikauliza.

"Ile ile," afande akajibu kutoka barazani. "Ile ya kwanza ilikuwa mbegu mbaya."

Nilining'iniza ufunguo wa geti kwenye nondo ambayo bado ilikuwa ya moto, nikashuka kilima kutafuta lori.