Ufito wa Kaka Hamisi

Ijumaa iliyopita tulimzika kaka yangu Hamisi, aliyeishi na jicho moja tangu utotoni. Jioni yake mjukuu wangu alikuwa akicheza mchezo wa mapigano kwenye simu. Nikamuuliza kwa nini mwenye mkuki anarudi nyuma.

"Haogopi, bibi. Mkuki ni mrefu, akisogelewa sana hawezi kupiga. Anatafuta nafasi."

Nikaikumbuka alasiri moja ya utotoni, mtaani kwetu Isevya, enzi za Ujamaa. Uani kulinukia masega aliyokuwa akichemsha mama kutoa nta, na nyimbo za mgambo zilisikika kutoka uwanjani. Nasi tukajifanya mgambo. Kaka alishika ufito mrefu, mimi kijiti cha kuni. Kila nilipomwendea, ufito ulinigusa bega kabla sijamfikia.

"Umekufa, Mwanaidi!"

"Sijafa! Muoga wewe, pigana karibu!"

Akarudi nyuma hadi ukutani. Nilidhani ameniogopa, nikamrukia. Kijiti changu kikamchoma jicho. Sasa najua kwamba niliporuka alikuwa na nafasi ya kunipiga usoni, naye akauinua ufito juu asiniumize.

Mama akaja mbio. "Nani kafanya hivi?"

"Nimejichoma mwenyewe, mama," alisema kaka, kiganja kikiwa jichoni.

Mama alimfunga kanga kichwani, akamshika mkono kumpeleka hospitali. Walipofika mlangoni akageuka kunitazama.

"Mwanaidi, eti kweli kajichoma mwenyewe?"

Nikasema, "Ndiyo, mama."