Chenga za Mdalasini

Nimesema mara nyingi, na sioni haya kurudia, kwamba hakuna mtu aliyenishika mkono. Niliondoka Ngonga, kijijini kwetu, na begi moja la nguo, nikaanza kwa kuosha masufuria katika jiko la hoteli Dar es Salaam, na kwa mshahara huo wa kuosha masufuria nikajilipia chuo mwenyewe mpaka nikapata stashahada ya upishi wa mikate na keki. Baada ya hapo nimeoka Lusaka, nimeoka Durban, nimeoka keki ambazo watu walizipiga picha kabla ya kuwapiga picha maharusi. Niliporudi Kyela nilijenga Bondeni, mtaa wa mjini, nikaweka oveni mbili za umeme, na leo hii ukiulizia nyumba ya Shefu pale stendi utaletwa mpaka mlangoni. Haya yote ni kweli. Nayatanguliza ili ijulikane kwamba mtu aliyeshindwa masika ile hakuwa mtu asiyejua kazi.

Mama alikuwa anaumwa koo. Daktari kule Mbeya alituonyesha kwenye picha mahali njia ya chakula ilipobanwa na uvimbe, akasema umeshakuwa mkubwa, turudi naye nyumbani tumpe anachopenda kwa kadiri kitakavyopita. Kwanza wali uligoma kupita. Mwanamke aliyelima mpunga tangu usichana wake, wali ukamgomea. Zikafuata ndizi, kisha viazi vya kuponda. Mwisho vikabaki uji mwepesi na maziwa: vijiko vitano, kesho yake vinne.

Nilipokuwa Durban alikuwa akinipigia simu Jumapili baada ya ibada. Swali lake lilikuwa lilelile. "Hao watu unawapikia nini hasa, mpaka wakuweke huko miaka yote?" Nami nilimweleza habari za keki ya mdalasini, ile inayoliwa na kahawa, yenye chenga juu. Alicheka, akasema, "Na mimi mama yako umeshawahi kunipikia nini?" Nikamwahidi. Nilirudi. Mwaka na zaidi nikaoka keki za watu wote, kuanzia Ipyana mpaka mpakani, na ya mama sikuoka. Hakunikumbusha hata siku moja.

Sasa nilikuwa nimechelewa, lakini nilijipa moyo kwa hesabu ya mpishi. Keki yenyewe haitapita kooni, hilo nililikubali. Chenga je? Chenga ni siagi, sukari, unga kidogo na mdalasini. Zikiwa za moto hazihitaji kutafunwa wala kumezwa kwa nguvu, zinayeyuka zenyewe juu ya ulimi. Nilitaka kitu hicho kimoja tu, kwamba chenga ziyeyuke mdomoni mwa mama angali hai, ajue ni kitu gani kilichomweka mwanawe mbali miaka yote ile.

Ningeweza kuoka Bondeni, lakini keki ikipanda pikipiki kwa barabara ya Ngonga wakati wa masika inafika ikiwa makombo. Tena nilitaka harufu imfikie kabla ya sahani. Kwa hiyo nilioka jikoni kwake, kwa sufuria, kama wanavyooka wanawake wote wasio na oveni: mchanga chini, kopo la keki juu ya vijiwe vitatu, mfuniko, na makaa juu ya mfuniko.

Aliyekuwa akimuuguza ni mama mdogo, mdogo wake wa tumbo moja. Kwetu mtoto wa kiume akishakuwa mtu mzima haingii chumba anacholala mama yake. Hakuna anayekukataza kwa maneno, miguu yenyewe huishia kwenye pazia. Mama alipokuwa na nguvu alitoka barazani tukaongea. Sasa ilikuwa wiki ya pili hajatoka, na mimi niliyenunua hilo godoro alilolalia nilikuwa sijamwona. Maji, dawa, uji, vyote vilipita mikononi mwa mama mdogo.

Alikuja kusimama mlangoni mwa jiko, mikono kiunoni.

"Ugonile, Shefu," alinisalimu kwa Kinyakyusa. "Tulisikia una majiko mawili ya umeme. Yamekufa yote?"

"Yapo, mama, hayajafa."

"Basi huku kwenye moshi wetu unatafuta nini?"

"Namwokea mama keki."

"Na hiyo walikufundisha miaka mingapi?"

"Miwili."

"Miwili! Unga na sukari!" Alipiga makofi. "Mimi ningekufundisha huku napeta mchele, na jioni ungewahi mpira."

Nilicheka. Nilikuwa na raha, niseme ukweli, kwa sababu nilikuwa nafanya kitu ambacho wilaya nzima hakuna anayenizidi. Joto la Kyela huifanya siagi kuwa mafuta kabla hujafungua karatasi, kwa hiyo yangu nilikuwa nimeiweka kwenye bakuli la chuma ndani ya ndoo ya maji ya kisima tangu asubuhi. Sukari ilikuwa ile ya kahawia ya Malawi, niliyoletewa na jirani anayefanya biashara mpakani, maana ina unyevu na bado unasikia muwa ndani yake. Penye krimu chachu tuliyotumia Durban nikaweka maziwa mgando, na nathubutu kusema yanaizidi. Chenga nilizitengeneza mwisho. Ukitumia viganja umeharibu, kwa sababu vina joto. Ni ncha za vidole tu, unasugua siagi ndani ya unga mpaka vitokee vibonge, vingine kama kunde, vingine kama punje za mchele.

Kuoka chenga kwa makaa ni kazi ya roho mkononi. Moto wa juu uwe mdogo mwanzoni, mkali mwishoni, na kila ukiinua mfuniko unainua pia majivu. Niliuinua mara mbili. Hakikudondoka hata kipande cha kaa. Mara ya pili harufu ilitoka ikajaza nyumba, na kutoka ndani, nyuma ya pazia, nikasikia sauti ya mama, ambaye tangu alfajiri alikuwa hajasema neno.

"Ni nini kinachonukia hivyo?"

Ningeweza kulia. Nilitoa keki, nikaiweka mezani, rangi yake ya kahawia, chenga zimesimama juu yake kama nilivyotaka. Nikamwambia mama mdogo, "Mkatie mama, umpelekee ikiwa ya moto." Sikuongeza neno. Niliona keki kama ile inajieleza yenyewe. Kisha nikaenda nyuma ya nyumba kunawa masizi.

Nilipokuwa nanawa niliona kuku wanakimbilia mlango wa jiko. Nikarudi. Mama mdogo alikuwa ameinama mlangoni na keki nzima kwenye sinia, na kwa kisu alikuwa anakwangua juu yake, taratibu, kwa uangalifu, kama mtu anayemenya tunda la mgonjwa. Chenga zilikuwa zinaanguka chini na kuku walikuwa wanazimaliza.

"Usijali, baba," alisema bila kuinua uso. "Nimeyatoa karibu yote. Majivu na mchanga vilikuwa vimegandia juu kabisa. Mgonjwa hapewi kitu kama hicho."

"Mama! Hayo si majivu!"

Aliinua kisu. "Si majivu?"

"Ndiyo keki yenyewe hiyo!"

"Keki si hii hapa?" Alinionyesha sinia. Ilikuwa nyeupe juu, safi, imechongwa vizuri.

Nimefikiria sana kosa lile. Kila mwanamke wa kwetu aliyewahi kuoka kwa makaa juu ya mfuniko anajua kwamba majivu huanguka, na kila mwenye heshima huikwangua keki kabla ya kumpa mtu. Kumpelekea mgonjwa keki yenye kitu kilichovurugika juu, rangi ya makaa yaliyopoa, ingekuwa dharau. Alifanya kwa upendo. Neno moja kutoka kwangu lingetosha. Lakini wakati ule sikufikiria. Nilimwita mjinga. Mdogo wake mama, aliyekuwa hajalala vizuri wiki tatu kwa ajili ya kuuguza, nilimwita mjinga mbele ya kuku, nikamwambia watu wa hapa ndiyo maana hatuendelei, na mengine ambayo siyaandiki.

"Mnagombea nini?" mama aliuliza kutoka ndani.

Mama mdogo alilowesha kipande cha keki kwenye maziwa, akaingia nacho. Nilisimama upande huu wa pazia nikasikia kijiko, kisha kikohozi, kisha kikohozi kirefu kilichokataa kuisha, kisha beseni likisogezwa sakafuni.

Mdalasini wote ulikuwa umekwisha ndani ya keki ile. Duka la pale lilikuwa na pilipili manga na iliki tu. Nilitaka kwenda mjini kesho yake, lakini mvua ilianza jioni hiyohiyo ikanyesha siku mbili bila kupumzika, maji yakafunika barabara, mashamba na njia vikawa kitu kimoja. Nilikaa barazani na viatu vyangu vya ngozi, mtu aliyefika Durban, nisiweze kufika Kyela mjini. Ndani vijiko vya uji vilikuwa vitatu. Siku ya pili ya mvua vikawa viwili.

Siku ya tatu nilivuka kwa miguu, suruali nimekunja mapajani, nikarudi na mdalasini ndani ya kofia. Mama mdogo alikuwa tayari ameweka mchanga kwenye sufuria.

"Nisamehe, mama," nilimwambia.

"Washa moto," alisema.

Safari hii hakunitania. Nilisugua siagi, yeye akachagua makaa. Ulipofika wakati wa kuinua mfuniko alishika upande mmoja kwa kitambaa, mimi upande mwingine, tukautoa kama watu wanaobeba maji yaliyojaa pomoni. Keki ilitoka nzuri kuliko ya kwanza. Nasema nzuri kuliko zote nilizowahi kuoka, na nimeoka nyingi. Nilisikiliza kama mama atauliza kinachonukia. Hakuuliza.

Nilichukua chenga za juu tu, za moto, nikaziweka kwenye kisahani na kijiko cha chai. Mama mdogo alizibeba kwa mikono miwili, akaingia. Nilivuta kigoda nikaketi karibu na pazia kiasi kwamba lilinigusa goti. Nilisubiri kikohozi. Hakikuja.

"Mama," nikasema. "Umeonja?"

"Nimeonja." Sauti ilikuwa ndogo, ya mtu aliye mbali.

"Imeyeyuka?"

"Imeyeyuka, mwanangu. Imepita vizuri."

"Unaisikiaje?"

Mama yangu hakuwa mtu wa kudanganya, hata kwa wema. Mimi ndiye ninayejua kupamba maneno, na sikurithi kwake.

"Sisikii kitu," alisema. "Tangu juzi hata chumvi siisikii. Ulimi umekuwa kama ubao."

"Hata sukari?"

"Hata sukari."

Juzi ilikuwa siku ya kwanza nzima ya mvua. Siku moja kabla ya hapo alikuwa ameuliza kinachonukia. Nilipanga siku hizo kichwani, nikazipanga tena, na kila nilipozipanga zilitoka vilevile.

"Nieleze wewe," alisema mama. "Ikoje?"

"Ni tamu, mama."

"Tamu najua, si ina sukari? Tamu kama nini?"

Kazi hiyo naijua. Nimesimama mbele ya meza za watu wakubwa nimevaa kofia nyeupe, nikaeleza keki zangu mpaka wakaagiza kabla sijamaliza. Nilifungua mdomo nimwambie ni kama embe la kwanza la msimu, nikaona nitamtajia embe. Nikafikiria asali. Nikafikiria muwa, nikafikiria ukoko wa wali mpya unapobanduliwa chini ya sufuria. Kila nilichotaka kuifananisha nacho kilikuwa kitu ambacho hatakionja tena, na vyote viliniishia mdomoni.

Mama mdogo alitoka. Chenga zilikuwa zote kwenye kisahani, isipokuwa kishimo kidogo katikati pale kijiko kilipoingia. Aliweka kisahani sakafuni, kati yangu na ukuta, akaketi.

"Amelala," alininong'oneza.

Hakuwa amelala. Naujua mlio wa kitanda kile, na pumzi ya mama yangu naijua. Alikuwa kimya kama mtu anayengoja kujibiwa.